Mdogo wangu anafikishwa mahakamani Jumatatu: kuna njia halali ya kuyamaliza bila kutiwa hatiani?

Dada wa Mkolani

Mwangaluka wana Mwanza, na shikamooni wakubwa wote mliomo humu.

Nina mdogo wangu wa kiume, tumbo moja, ana miaka 19. Tangu amalize kidato cha nne anavua dagaa kwenye mwalo mmoja, yaani kituo cha wavuvi ufukweni, upande wa Ilemela. Giza lililopita, yaani zile siku zisizo na mbalamwezi tunazovua dagaa, walipata mzigo mzuri, lakini tajiri mwenye mtumbwi alipopiga hesabu zake za mafuta, chakula na matengenezo ya mtumbwi, vijana wakaambiwa hawana chao, wasubiri giza lijalo. Mbalamwezi ikaingia, kila mtu akaenda kwao. Mdogo wangu akachukua betri moja na taa mbili za sola kwenye mtumbwi, akaenda kuziuza Igogo. Simtetei. Amechukua, na ameniambia kwa mdomo wake.

Alikamatwa, akalala kituoni, nikaenda kumdhamini. Betri imepatikana, taa hazijulikani zilipo. Tajiri ameniambia ana kwa ana kwamba hana haja ya kumwona kijana gereza la Butimba, anachotaka ni vitu vyake. Lakini mpelelezi anasema jalada limeshafika kwa waendesha mashtaka na Jumatatu anapelekwa Mahakama ya Wilaya. Wakati huohuo kuna bwana mmoja anazunguka pale nje, si askari wala si wakili, anataka laki tatu ili "faili lipotee". Na nyumbani baba anasema akifika mbele ya hakimu akubali yaishe, aombe msamaha, atahurumiwa.

Hofu yangu ni rekodi. Mwakani anataka kuomba Jeshi la Kujenga Taifa (JKT), na huko wanataka kijana asiye na kosa la jinai. Binamu yetu aliyeko Texas anasema kule mtu wa kosa la kwanza anaweza kupewa masharti, akiyatimiza kesi inafutwa na hahesabiki kuwa mhalifu. Je, kwetu kitu hicho kipo? Naomba anijibu anayejua, tafadhali. Usiku silali.

Karani Mstaafu

Marahaba mwanangu, na pole sana.

Nimefanya kazi masjala za mahakama huku Kanda ya Ziwa mpaka nikastaafu, na sasa ni msaidizi wa kisheria hapa Nyamagana. Nitakujibu kwa urefu, kwa sababu Jumatatu si mbali na kuna mambo yakishapita hayarudi.

Anza na baba. Kwa heshima yote, mzuie. Hilo la "kubali yaishe" ndilo linalowaponza vijana wetu kuliko ushahidi wowote. Mahakamani shtaka litasomwa, ataulizwa ni kweli au si kweli. Akisema ni kweli, mwendesha mashtaka atasoma maelezo ya tukio. Akiyakubali na hayo, hakimu anamtia hatiani palepale, asubuhi ileile. Huruma ambayo baba anaitegemea inakuja baadaye, kwenye adhabu, na wakati huo hatia imeshaandikwa. Nimeona vijana wakitoka chumba cha mahakama wakikumbatiana na ndugu kwa kuwa wamepewa kifungo cha nje, kisha baada ya miaka wanarudi masjala, wameshika fomu ya kazi, wanauliza kama ile kesi inaweza kufutika. Kukana shtaka si uongo. Ni kuitaka Jamhuri, yaani upande wa mashtaka, ithibitishe madai yake kama sheria inavyoidai, na nafasi ya mazungumzo inabaki wazi.

Sasa swali lenyewe. Mpango wenye ofisi yake, fomu zake na afisa wake, kama anaousema binamu yako, sijauona ukifanya kazi kwa watu wazima kwenye mahakama zetu. Tulicho nacho ni milango michache iliyotawanyika kwenye sheria mbalimbali, na hakuna atakayekuja kukuonyesha. Inabidi uibishe mwenyewe.

Mlango wa kwanza umo kwenye Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20. Kwa namba za toleo la 2022 ni kifungu cha 163. Kwenye kesi ya shambulio la kawaida, au kosa lingine lenye sura ya ugomvi binafsi, mahakama ikiona kwamba maslahi ya umma hayadai adhabu inaweza kuhimiza pande mbili zipatane, kwa fidia au kwa masharti mengine itakayoyaridhia, kisha ikasimamisha shauri. Vijana waliopigana kilabuni Igoma hupita hapa bila shida kubwa. Wizi ni mgumu zaidi, kwa kuwa hakimu anaweza kusema huu si ugomvi wa watu wawili tena. Lakini betri ya mtumbwi, kati ya mvuvi na tajiri wake, na katikati yao kuna mgawo ambao haujalipwa, ni jambo linaloelezeka. Lielezwe, hakimu aamue.

Mlango wa pili ni kifungu cha 98 cha sheria hiyohiyo. Mwendesha mashtaka anaweza kuondoa shtaka kwa ridhaa ya mahakama au kwa maelekezo ya Mkurugenzi wa Mashtaka. Hapa sikiliza vizuri. Likiondolewa kabla mshtakiwa hajaitwa kujitetea, anaachiwa, lakini anaweza kukamatwa na kushtakiwa upya kwa jambo lilelile. Likiondolewa baada ya kuitwa kujitetea, hapo ameachiwa huru kabisa. Watu wengi wanashangilia pale nje bila kujua wamepata lipi kati ya hayo mawili. Omba nakala ya amri, usome.

Mlango wa tatu ndio ninaoupenda kuliko yote, na ndio unaosahaulika kuliko yote. Ni Sheria ya Uangalizi wa Wakosaji, Sura ya 247, ya tangu 1947. Mahakama ya chini ikiona shtaka limethibitika, lakini ikitazama umri wa mtu, tabia yake, mazingira ya nyumbani na uzito wa kosa, inaweza kumweka chini ya afisa probesheni, yaani afisa anayewasimamia wakosaji nje ya jela, *bila kumtia hatiani*. Muda wake ni kati ya mwaka 1 na miaka 3. Akivunja masharti anarudishwa mahakamani.

Uzito wote hapo uko kwenye ripoti ya afisa. Hakai ofisini akaandika kwa kukisia. Anakuja nyumbani kwenu Mkolani, anaongea na mwenyekiti wa mtaa, anakaa na mama, anauliza kijana analala wapi na anaamka saa ngapi. Niliwahi kupokea ripoti ya kijana wa Luchelele aliyeiba baiskeli. Kurasa mbili tu. Afisa alikuwa ameandika kwamba kijana ndiye anayemwogesha babu yake aliyepooza, kwamba fundi magurudumu wa jirani yuko tayari kumchukua na ameweka dole gumba kwenye karatasi, na kwamba mwenye baiskeli aliulizwa akasema ameshatulia moyo. Hakimu alikuwa mtu mkali, jina lake likitajwa watu walikuwa wananyamaza. Alisoma, akarudia ukurasa wa pili, akaandika amri ya uangalizi. Ripoti ile ilifanya kazi ambayo machozi ya ndugu hayaifanyi. Kwa hiyo mdogo wako, au wakili wake kama mtapata, aombe mahakamani ripoti ya afisa probesheni iandaliwe.

Mengine utakayoyasikia yanakuja baada ya kutiwa hatiani, usichanganye. Kuachiwa kwa sharti la kutotenda kosa ndani ya miezi 12, kazi za jamii chini ya sheria ya 2002, na yale makubaliano ya kukiri kosa yaliyoingia mwaka 2019: yote yana nafuu yake, lakini hayakuondolei rekodi unayoiogopa. Na kama mdogo wako angekuwa hajatimiza 18 tungekuwa tunazungumza Sheria ya Mtoto ya 2009, ambayo hairuhusu mtoto kufungwa jela. Ameikosa kwa mwaka mmoja.

Yule bwana wa laki tatu usimpe hata nauli. Faili haliondoki kwa yeye kulificha, na likionekana tena utakuwa na kesi mbili nyumbani.

Mmiliki Igombe

Dada, pole. Lakini na sisi wenye mitumbwi tusikilizwe.

Mimi nimeibiwa injini ya farasi 15, nimeibiwa nyavu, taa ndiyo usiseme. Kila mwizi akipewa masharti akaenda zake, kesho mwalo mzima utakuwa hauna betri. Na msifikiri sisi tunafaidi hiyo mahakama. Betri yangu ilipopatikana ilikaa kituoni kama kielelezo. Kesi inatajwa, inaahirishwa, shahidi yuko ziwani, inaahirishwa tena. Siku nakabidhiwa ilikuwa imekufa, haishiki chaji. Kijana alifungwa miezi kadhaa, akatoka, mimi sikupata hata shilingi. Huyo mama karani hapo juu anaongelea haki za kijana tu. Yangu iko wapi?

Karani Mstaafu

Kaka yangu wa Igombe, umenishika pabaya na nakushukuru, kwa maana haki yako ndiyo iliyonifanya niandike yote yale.

Hebu tazama ulichopata. Kijana jela, betri imefia kituoni, mfuko wako mtupu. Serikali nayo imemlisha miezi yote ile. Kijana ametoka Butimba hana kazi na hakuna tajiri wa kumpa kasia. Atarudi mwaloni usiku. Mimi sisemi aachiwe aende zake. Nasema akae chini mbele yako, aseme alichofanya, iandikwe atalipa nini na lini, giza hili kiasi fulani, giza lijalo kiasi fulani, kikikatwa kwenye mgawo wake kabla hajaushika. Afisa awe anafuatilia. Akikosa, kesi iendelee pale ilipoishia. Hapo wewe unapata kitu, na yeye anabeba mzigo mzito kuliko kulala mahabusu akisubiri uji.

Na mtu asiniambie kwamba jambo hili ni geni kwetu. Sote hapa ziwani tunajua kufifilisha kosa. Sheria ya Uvuvi ya 2003 inairuhusu: mtu amekamatwa na nyavu haramu za timba au kokoro, anakiri kwa maandishi, anatozwa, anapewa stakabadhi, mambo yameisha bila hakimu. Nyavu haramu zinaua mazalia ya sangara na sato wa watu wote wa nchi tatu, na bado sheria imeona inafaa kumpa mtu nafasi ya kumaliza bila kutiwa hatiani. Mbona basi kijana wa betri moja asipewe? Kasoro ya kufifilisha ni kwamba kunamfaa mwenye fedha mkononi siku ile. Tajiri mwenye nyavu haramu analipa anaondoka, kijana asiye na kitu anapandishwa kizimbani. Jambo hilo linaniuma. Ndiyo maana nataka masharti yawe kazi na malipo ya polepole, yasiwe fedha taslimu peke yake.

Lakini nami nina mpaka wangu. Humu Usukumani tunajua nyumba ambazo binti wa shule amepewa mimba, wazee wakakaa, ng'ombe wakahamishwa, ikaitwa suluhu. Kosa hilo tangu marekebisho ya Sheria ya Elimu ya 2016 lina kifungo cha miaka 30, na ng'ombe hawaliondoi. Kubaka, kumpiga mke mpaka kumvunja, kumdhuru mtoto: hayo yasiletwe kwenye meza ya usuluhishi, kwa sababu anayeumia ndiye anayelazimishwa kukubali.

Mwana wa Kisumu

Salamu kutoka ng'ambo ya pili ya ziwa.

Kwetu Kenya afisi ya Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma ina sera na mwongozo wa uchepushaji wa kesi wa mwaka wa 2019, na unawagusa watu wazima pia. Kiongozi wa mashtaka anapima kosa, anasikiliza aliyekosewa, kisha mshukiwa anatia sahihi makubaliano: kulipa, kuomba radhi, kufanya kazi ya jamii, kwenda kwa mshauri. Akitimiza, mashtaka yanaachwa. Kwa watoto, Sheria ya Watoto ya 2022 imeliweka jambo hili wazi zaidi.

Ninalotaka kuwaonya ni hili. Ni lazima mshukiwa akubali mwenyewe kuwajibika, bila kusukumwa. Sasa fikirieni kijana ambaye hakuiba kabisa. Anaambiwa tia sahihi hapa uende nyumbani, ama ung'ang'ane na kesi miaka miwili. Wengi watatia sahihi. Kwa hivyo asiye na hatia asiingie huko, hata kama ni njia fupi. Apigane.

Mzawa wa Bwiru

Nipo Houston, naomba nimsaidie binamu wa dada kuweka maelezo sawa, maana hapa kuna mambo mawili tofauti na watu wanayachanganya.

La kwanza ni kuchepushwa kabla ya kesi. Hukiri kosa mbele ya hakimu, unasaini masharti na waendesha mashtaka, ukiyamaliza wanafuta shtaka. Mipango hii ilianza kushika kasi Marekani miaka ya 1960. New York kulikuwa na mradi wa Taasisi ya Vera uliowatafutia washtakiwa kazi na mafunzo, kesi ikasimama siku 90, aliyefanya vizuri akafutiwa. La pili hapa Texas ni hakimu kuahirisha kukutia hatiani: unakiri kosa au husemi lolote kupinga, hakimu anaweka hukumu pembeni, unakaa chini ya uangalizi, ukimaliza shauri linafutwa.

Kwa raia, yote mawili ni nafuu kubwa. Kwa sisi wahamiaji, hilo la pili ni mtego. Sheria ya uhamiaji ya Marekani inahesabu kwamba umetiwa hatiani hata kama Texas imefuta, kwa sababu ulikiri na ukawekewa masharti. Wapo waliozuiwa uwanja wa ndege kwa jambo ambalo wakili aliwaambia limekwisha. Wenye ndugu huku wafikishieni.

Kuhusu kama inasaidia: watafiti wawili, Mueller-Smith na Schnepel, walifuatilia watu wa kaunti hii yetu ya Harris kwa miaka 10. Wale wa kosa la kwanza ambao hawakutiwa hatiani walirudia uhalifu kwa kiwango cha karibu nusu ya wenzao, na walipata kazi zaidi kwa kiasi kikubwa. Mmiliki wa Igombe akitaka sababu ya kumwamini yule mama, hiyo ni mojawapo.

Mmiliki Igombe

Nimesoma yote. Nikikatiwa kwenye mgawo na mtu wa serikali akisimamia, mimi nitasaini. Kwa maneno matupu, hapana.

Dada wa Mkolani

Mama, asante sana, Mungu akuzidishie. Baba nimemsomea sehemu ile ya kukiri, amenyamaza, kisha akasema basi tufuate ushauri wa huyo mama. Tajiri amekubali kuja Jumatatu. Nimepata nusu ya bei ya taa. Je, nimpe sasa hivi tuandikishane, au nisubiri mpaka mahakamani? Na niende na karatasi gani?

Karani Mstaafu

Fedha mpe, lakini kama kurudisha mali na si kama bei ya kunyamaza. Tofauti ni kubwa, kwa sababu kupokea mali kwa ahadi ya kuficha kosa ni kosa lingine kwenye Kanuni ya Adhabu, na tajiri mwenyewe anaweza kujikuta kizimbani. Mwandikishane kwa mwenyekiti wa mtaa, mashahidi wawili, mmoja wa kila upande. Karatasi iseme kiasi kilicholipwa, kiasi kilichobaki na tarehe za kulipa. Isiseme popote kwamba tajiri "atafuta kesi", kwa kuwa kesi si yake, ni ya Jamhuri. Iseme tu kwamba amefidiwa kiasi fulani na hana pingamizi mahakama ikiona inafaa kuwapatanisha.

Kama deni la mgawo wa giza lile ni la kweli, nalo liandikwe, na tajiri aweke saini. Msilifiche kwa aibu.

Jumatatu fikeni mapema, kabla majalada hayajapelekwa kwa hakimu. Muone mwendesha mashtaka kwanza, kwa adabu, wewe na tajiri pamoja, mumwonyeshe karatasi, mwambie mnaomba apatanishwe au shtaka liondolewe. Akikataa, kijana akane shtaka, kisha aombe mwenyewe kwa hakimu mambo mawili: nafasi ya suluhu na ripoti ya afisa probesheni. Mfundishe leo kuyasema, asiyumbe.

Beba barua ya mwenyekiti wa mtaa yenye muhuri, cheti chake cha kidato cha nne, kitambulisho chake na chako, na mdhamini wa pili mwenye barua ya utambulisho, kwa sababu dhamana ya polisi inaishia pale na ya mahakama inaanza upya. Kabla ya hapo, kesho nenda ofisi ya msaada wa kisheria iliyo karibu nawe. Tangu sheria ya 2017 huduma hiyo ni bure kwa asiyejiweza, na mtu wa kutia neno mbele ya mwendesha mashtaka anasaidia sana.

Tajiri aje mwenyewe, asitume mtu.